Maji Aliyoyakataa Mama Kiran

“Mara ya mwisho alikunywa maji lini?”

Daktari aliniuliza hivyo katika chumba cha huduma ya kwanza pale uwanja wa ndege wa Khartoum, huku akiifinya ngozi ya mkono wa Mama Kiran na kuitazama ikikataa kurudi mahali pake. Nilikuwa nimekaa naye bega kwa bega tangu alfajiri. Ningeweza kumwambia daktari upepo ulitoka upande gani, tuliruka juu kiasi gani, na mafuta gani yalibaki katika kila bawa. Lakini mtu aliyekuwa kando yangu alikunywa maji lini mara ya mwisho, hilo sikulijua.

Nawaandikia ninyi mabinti mnaokuja Jumamosi kwenye ule ukumbi wa Longbridge, hapa Birmingham, mnaotaka kuwa marubani. Wiki iliyopita nilikuwa nawaeleza jinsi tulivyopeleka ndege ndogo kutoka Uingereza hadi Nairobi, na Hibo, mjukuu wa dada yangu, akanyoosha mkono akauliza, “Nyanya, na choo kilikuwa wapi?” Mkacheka wote. Aliuliza kwa Kiingereza, nami najibu kwa Kiswahili kwa sababu najua mnanielewa hata mnapojifanya hamnielewi. Sikucheka. Kati ya yote mliyoniuliza mwaka huu, hilo ndilo swali la rubani.

Mimi pia nilikuwa muulizaji. Nilitoka Isiolo nikaja Birmingham kusomea uhandisi, na nilipomaliza chuo nilikuwa mtu asiyekubali hata bei ya nyanya bila kuuliza imefikaje hapo. Nilisoma kila nilichokipata kuhusu wanawake wa kwanza waliovuka bahari na majangwa peke yao, katika ndege za mbao na vitambaa, bila redio, ramani imewekwa juu ya mapaja. Kila simulizi ilisema alikuwa jasiri. Alivaa koti la ngozi, alipunga mkono, akaondoka. Wengine walifika na wengine hawakuonekana tena, na waandishi wakaandika “hali ya hewa” au “injini” wakafunga habari. Mimi nikawa najiuliza: mtu huyu amekaa kwenye kiti kimoja kutwa nzima. Alikula nini? Alijisaidia wapi? Kama hakujisaidia, basi hakunywa. Na kama hakunywa, nani alikuwa anaendesha ile ndege kufikia jioni?

Nilimuuliza Mama Kiran. Huyo ndiye aliyenifundisha kazi. Alikuwa Singasinga wa Kisumu, mwanamke mfupi mwenye mabega ya mpiga makasia, aliyejifunza kuruka Kenya katika klabu ambayo mwanzoni ilimruhusu tu kuleta chai. Alipohamia mtaa wa Handsworth, Birmingham, na mumewe alipata kazi kwenye kampuni ndogo iliyokuwa na kibanda katika kiwanja cha ndege nje ya mji. Watu wa Afrika Mashariki walinunua ndege ndogo hapa, na kuliko kuzikata mabawa na kuzipakia melini, kampuni ilimtuma mtu azirushe hadi huko. Mtu huyo kwa miaka mingi alikuwa Mama Kiran. Wanawake wengine katika kazi ile sikuwaona.

“Walijisaidia wapi?” alirudia swali langu, akimimina chai jikoni kwake, karibu na Soho Road, ramani ya Misri imefunika meza nzima na sahani ya kachori imekaa juu ya bahari. “Hawakujisaidia. Unaacha kunywa jana yake mchana, kwisha.”

“Na wanaume?”

“Wanaume wana chupa.”

“Kwa hiyo wanaume wanakunywa.”

“Wewe Sahra, maswali yako yatamaliza mafuta kabla hatujawasha injini.”

Hivyo ndivyo alivyofundishwa na mwanamke aliyemtangulia, na huyo sijui alifundishwa na nani. Ilikuwa desturi ya kazi. Rubani mwanamke hanywi. Walijivunia, kama watu wanavyojivunia kutoumwa. Mama Kiran aliweza kuruka kwa muda wa saa nane bila tone mdomoni, na wanaume wa kiwanjani walipoomba kusimama njiani kwa sababu ya vibofu vyao, aliwatania hadi wakanywea.

Nikasema haiwezekani, mwili si tangi la akiba. Akaniambia nitazoea.

Safari ya kwanza ya mimi na yeye ilikuwa ndege ya viti sita, injini moja. Viti vinne viling'olewa na mahali pake pakafungwa tangi la bati, kubwa kama friji iliyolazwa, limejaa petroli. Mgongo wako unaliegemea. Harufu inakaa kwenye nywele, kwenye mkate, kwenye usingizi. Shemeji yangu aliyefanya kazi kiwanda cha magari, hapohapo Longbridge ambapo leo mnanunua viatu, alikuja kuiona akazunguka mara mbili bila kusema kitu. Mwishowe akasema, “Gari likiharibika unashuka. Hii je?”

“Hii pia unashuka,” Mama Kiran akamjibu.

Mimi nilipakia jagi la plastiki lenye mdomo mpana na kifuniko, lile la kukorogea unga, pamoja na shuka mbili. Mama Kiran aliliona akaniuliza kama nimehama na jiko.

“Ni choo changu,” nikamwambia.

Alicheka hadi akashika bawa. Lakini mimi nililitumia jagi hilo juu ya Ufaransa, juu ya Italia na juu ya bahari, nikiwa nimechuchumaa nyuma ya tangi, shuka kichwani, nikimwomba Mungu ndege isirushwe na mawingu. Na kwa kuwa nililitumia, nilikunywa.

Kuhusu woga, mabinti, msimwamini anayewaambia kwamba unaisha. Nchi kavu ikipotea chini yako, injini hubadilika sauti. Haijabadilika, lakini masikio yako yanasema imebadilika. Unasikia mkwaruzo. Unasikia kikohozi. Unaangalia vipimo vya mafuta na joto, vyote vinasema sawa, na bado unasikia. Mama Kiran alinifundisha kuimba kwa sauti ya chini, kwa sababu anayeimba hawezi kusikiliza sana. Yeye aliimba za ibada kwa Kipunjabi. Mimi nilikariri jedwali la kuzidisha. Juu ya bahari kutoka Krete hadi Misri nilifika mbali sana katika hesabu.

Kisha ikaja ile asubuhi ya kutoka kusini mwa Misri kwenda Khartoum.

Tuliruka alfajiri hewa ikiwa bado baridi. Njia ni rahisi kuieleza. Unaelekea kusini juu ya jangwa. Mto Nile unapinda upande mmoja na kukuacha, halafu unauvuka mara moja katikati ya safari pale unapojikunja, halafu jangwa tena, halafu mto unarudi kutokea kushoto kwako na kukupeleka hadi mjini. Ukiuona mto kushoto, umeokoka. Usipouona, umekwenda magharibi mno, na magharibi hakuna kitu. Hakuna barabara, hakuna mto, na wakati ule hakukuwa na satelaiti ya kukuambia ulipo. Kulikuwa na ramani, saa, dira na macho.

Na dira zilikuwa mbili. Moja ni ya sumaku, inayotikisika muda wote ndani ya maji yake, inaudhi kuisoma. Nyingine ni kifaa cha mwelekeo kinachoendeshwa na gurudumu linalozunguka kwa kasi. Hiki kimetulia, kinapendeza, na kinapotoka kidogo kidogo bila kukuambia. Kila robo saa unakirekebisha kile kilichotulia kifuate ile inayotikisika. Kazi ya sekunde chache. Mama Kiran aliifanya bila hata kufikiri, kama mtu anavyorudisha mtandio kichwani.

Tulivuka mto sawasawa. Alinionyesha kwa kidole, nikauweka alama kwenye ramani. Muda si mrefu vumbi likaanza. Si dhoruba, ila ule ukungu wa rangi ya chai ya maziwa unaofuta mstari kati ya ardhi na mbingu. Ndani kulikuwa joto la tanuri. Nikanywa maji yangu, nikampa chupa. Akaisukuma kwa kiwiko.

“Tunakaribia,” akasema.

Nikatoa kwa redio ripoti ya mahali tulipo, nusu yake ikamezwa na mikwaruzo. Alipochukua kipaza sauti yeye, alirudia ripoti ileile, maneno yaleyale, mahali palepale. Nikadhani hakunisikia. Baada ya muda akaitoa tena. Mahali palepale, kana kwamba ndege ilikuwa imesimama.

“Mama Kiran, hiyo tumeshaitoa.”

“Najua.”

Hakuwa anaimba. Hilo ndilo lililonitisha kwanza, kabla ya redio na kabla ya dira. Sikukumbuka aliacha lini. Nikamtazama. Midomo ilikuwa imepasuka na ina ukungu mweupe pembeni. Hakuwa na jasho. Mimi nililowa hadi kiunoni na yeye shingo yake ilikuwa kavu kama karatasi.

“Tunashika digrii ngapi?” nikamuuliza.

Akaniambia. Ilikuwa namba sahihi, ile tuliyoiandika alfajiri kwenye ramani. Nikaangalia kifaa kilichotulia: kweli, namba hiyohiyo. Nikaiangalia dira ya sumaku. Ilitikisika, ikatulia kidogo, ikatikisika, na kila ilipotulia ilionyesha kwamba tunakwenda magharibi. Si sana. Kiasi ambacho kwa dakika chache hakina maana, na kwa saa moja ni kaburi.

“Mama Kiran, dira inasema vingine.”

“Dira inacheza.”

“Inacheza lakini upande mmoja.”

“Sahra, acha.”

Nikaweka mikono kwenye usukani wa upande wangu. Akanipiga kofi kwenye vidole, kofi la mama kwa mtoto anayegusa sufuria, bila hata kunitazama. Usukani niliuachia. Mwaweza kuuliza kwa nini. Yeye alikuwa na nguvu kuliko mimi, na watu wawili wakivutana usukani ndege haijui imfuate nani. Tena mimi leseni yangu ilikuwa mpya, sikuwahi kuitua ndege ile ikiwa na mzigo, na chini kulikuwa na upepo wa ubavuni. Nilimhitaji. Nilimhitaji awe ndani ya kichwa chake kwa nusu saa nyingine, halafu akitaka azimie.

Nikawaza: huyu hasikii maelezo. Lakini tangu nimjue hajawahi kuacha swali langu bila jibu, hata la kijinga.

“Mama Kiran, nisomee dira ya sumaku. Macho yangu yana vumbi.”

Akainama. Ilimchukua muda. Akaisoma.

“Na kifaa?”

Akakisoma.

“Ni namba moja hizo?”

Injini ikakohoa masikioni mwangu, nikaanza jedwali la saba.

“Si moja,” akasema.

“Tufuate ipi?”

“Wewe umesoma chuo kikuu, hujui?”

“Nimesahau. Niambie.”

“Ya sumaku,” akasema kwa sauti ya kuchoshwa na mjinga, na mkono wake ukaenda wenyewe, ukazungusha kitasa, ukakirekebisha kifaa. Ndege ikainamisha bawa la kushoto. “Mto uko wapi?” akaniuliza. Lilikuwa swali lake la kwanza asubuhi ile.

“Kushoto. Unakuja.”

Sikujua kama unakuja. Niliangalia ukungu wa kahawia hadi macho yakatoa machozi. Tangi la ndani lilikuwa limekwisha, tulikuwa tunakula mafuta ya mabawa, na nilikuwa nimeshachagua moyoni sehemu ya mchanga iliyoonekana bapa ya kutua kwa dharura, nikaipita, nikachagua nyingine, nikaipita. Niliendelea kumuuliza. Kisumu mlikaa mtaa gani? Kiran alizaliwa mvua ikinyesha au jua? Kachori unatia bizari kabla au baada? Alijibu kila kitu. Majibu mengine yalikuwa ya Kipunjabi, nami nikasema ndiyo. Nilifungua chupa nikamwagia kitambaa maji, nikamwekea mdomoni nikisema ana masizi, nifute. Akanyonya kidogo, akageuza uso.

Kisha kushoto kukatokea mstari mwembamba wa kijani, kama mshono kwenye nguo iliyofifia. Kijani cha mashamba. Katikati yake maji.

Kutoka hapo niliongea na mnara wa Khartoum mimi. Nikamwomba aniachie nitue, au tutue pamoja.

“Hii ndege si yako,” akasema.

Basi nikabaki na maswali. Magurudumu yako chini? Yako. Mafuta yako bawa gani? Kulia. Upepo unatoka wapi? Akatazama kile kitambaa cha kuonyesha upepo kando ya njia ya ndege, kilichojaa na kunyooka ubavuni, akalishusha bawa la upande wa upepo, akaishika pua kwa miguu yake kwenye pedali, na akaitua ndege ile kwa upole ambao sijauona tena, gurudumu moja, kisha la pili, kisha la pua. Nimetua mara nyingi maishani mwangu. Vile sijapata kutua.

Tulipofika mwisho wa njia hakukata kona kuondoka. Tulisimama pale injini ikinguruma, yeye ametazama mbele, mnara unatuita. Nikanyoosha mkono nikazima kila kitu. Watu wakaja. Aliposhushwa bawani alikaa kwenye lami ya moto bila kuonekana kuihisi. Ndipo tukaingia kwenye kile chumba, na daktari akauliza alichouliza.

Alitundikiwa maji. Siku zilizofuata alilala na kulalamika chakula hakina pilipili. Tulifika Nairobi, tukaikabidhi ndege, tukarudi Birmingham kama abiria, tukiletewa juisi na wasichana waliotuita shangazi. Alikunywa mbili. Nilimtazama akinywa hadi akaniuliza natazama nini.

Ninyi mna raha ya kupata vifaa. Kuna faneli za wanawake, kuna mifuko yenye unga unaogandisha mkojo, kuna nepi ambazo hata marubani wa kivita wanavaa na hakuna anayecheka. Satelaiti inakuambia uko mtaa gani wa jangwa. Lakini wiki iliyopita nilipowauliza nani hanywi chai kabla ya somo la kuruka, wanne mliinua mikono, mmoja akasema, “Nitaona haya kumwambia mwalimu nataka kwenda choo.” Sikulala vizuri usiku ule.

Kwa hiyo fanyeni hivi. Kunyweni kabla ya kuondoka. Hewani, kikombe kila saa, na mseme kwa sauti, “nimekunywa,” kama mnavyosema magurudumu yako chini. Mwenzako asiposema, muulize. Akikasirika, muulize tena. Mkojo ukiwa na rangi ya chai isiyo na maziwa, umechelewa. Mtu akiacha kutania, akiacha kuimba, akirudia aliyosema, msimpe hotuba. Mpeni swali dogo ambalo jibu lake liko mbele ya macho yake. Na chukueni chombo chenye mdomo mpana na kifuniko kinachofunga kweli. La kifuniko nilijifunza juu ya Italia, na sitalieleza.

Muda mfupi baada ya safari ile mwenye kampuni aliniita kibandani akanipa ndege ya kupeleka peke yangu. Sikufanyiwa jaribio, sikupewa mtu wa kunisindikiza. Wanaume walisubiri miaka kwa nafasi kama hiyo. Nilimuuliza kwa nini mimi, akasema ameambiwa ninafaa, akarudi kwenye simu yake. Nikaifanya kazi hiyo hadi nywele zikabadilika. Mama Kiran hakupenda kuizungumzia Khartoum. Nikiianza, aligeuza maneno au aliingia jikoni, nami nikadhani ni aibu ya kuugua mbele ya mwanafunzi, nikamwachia heshima yake.

Alipofariki, tulikwenda gurdwara ya Handsworth, hekalu la Masingasinga, tukala tumekaa chini pamoja na watu wengi, halafu nikamsaidia Kiran kuosha vyombo nyumbani. Kiran sasa naye ni bibi. Alikuwa anafuta sufuria akasema, “Mama alipenda sana kusimulia ulivyotua Khartoum.”

“Alivyotua yeye,” nikamrekebisha.

“Hapana, wewe. Alituambia sisi wote. Alisema anakumbuka jangwa, halafu anakumbuka kitanda. Katikati hakuna kitu. Aliporudi alikwenda kwa mwenye kampuni akamwambia, ‘Yule msichana ameitua ile ndege peke yake kwenye upepo wa ubavuni, mimi nikiwa nimelala kando yake kama mzigo.’”